Ukiitwa kuamua ugomvi: namna ya kukata kisasi kabla hakijazaa kingine

Nguruwe wawili wanatosha kueleza jambo lote hili.

Wa kwanza alipigwa risasi tarehe 15 Juni 1859 katika kisiwa cha San Juan, ambacho Marekani na Uingereza zote zilidai ni chao. Alikuwa akifukua viazi vya mkulima Mmarekani, Lyman Cutlar, na nguruwe mwenyewe alikuwa mali ya kampuni ya Kiingereza ya Hudson's Bay. Inasimuliwa kwamba Cutlar alikuwa tayari kulipa dola 10, akadaiwa 100. Kabla miezi mitatu haijaisha, zaidi ya wanajeshi 400 wa Marekani walikuwa wamepanga mizinga kisiwani, na meli tano za kivita za Uingereza zilikuwa zikiwatazama kutoka baharini.

Nguruwe wa pili ni wa mwaka 1878, katika bonde la mto Tug Fork, mpakani mwa Kentucky na West Virginia. Randolph McCoy alimshitaki Floyd Hatfield kuwa amemwibia. Huko hakukuwa na meli wala mizinga, ni koo mbili tu za watu walioishi jirani, walioana na kufanya kazi pamoja.

San Juan hakufa mtu, alikufa nguruwe peke yake. Tug Fork, hadi kufikia 1890, watu wapatao kumi na wawili walikuwa wamezikwa, wakiwemo watoto wa McCoy waliouawa usiku wa mwaka mpya wa 1888 nyumba yao ikichomwa moto.

Tofauti haikuwa ukubwa wa kosa wala ukali wa watu. San Juan, Admirali Robert Baynes wa Uingereza aliagizwa ashushe askari akakataa. Kisha Jenerali Winfield Scott wa Marekani akaja wakakubaliana kila upande ubaki na askari wasiozidi 100, na swali la kisiwa ni cha nani likaachwa hadi Kaizari Wilhelm wa Kwanza wa Ujerumani alipolitolea uamuzi mwaka 1872. Tug Fork, kesi iliamuliwa haraka, mbele ya hakimu wa ukoo wa Hatfield, na mmoja wa wazee wa baraza, McCoy kwa jina, akapiga kura dhidi ya ndugu zake. Hukumu ilitoka, moyo wa mtu haukutulia. Miaka miwili baadaye shahidi wa kesi ile aliuawa.

Kwa hiyo anayetaka kuzuia kisasi afanye kazi yake katika saa na siku zilizo kati ya pigo na jibu. Muda huo ukipatikana na ukajazwa kazi, ugomvi hufa. Ukiachwa mtupu, hujazwa na watu wengine. Maelezo yanayofuata ni kwa yeyote anayeitwa ugomvi unapowaka: jirani, mwalimu, kiongozi wa dini, msimamizi wa kazi, shangazi ambaye kila mtu anamsikiliza.

Kwa nini jibu huwa kubwa kuliko pigo

Anza kwa kuelewa hili, maana usipolielewa utawaona watu wazima wakisema uongo wakati hawasemi uongo.

Mwaka 2003 watafiti wa University College London walichapisha jaribio dogo sana. Watu wawili, kila mmoja kidole chake kimewekwa chini ya kijiti kinachobonyeza. Mmoja anabonyezwa, kisha anaambiwa ambonyeze mwenzake kwa nguvu ileile aliyoisikia. Mwenzake naye ameambiwa hivyohivyo, na hakuna anayejua mwenzake ameagizwa nini. Kila zamu nguvu ilipanda kwa karibu asilimia 40. Piga hesabu: baada ya zamu nne nguvu imekaribia kuwa mara nne ya ile ya mwanzo, na baada ya saba imefika karibu mara kumi. Hakuna aliyekusudia kuumiza. Ubongo hupunguza uzito wa nguvu unayoitoa mwenyewe na kuacha uzito wa unayopokea kama ulivyo. Ngumi yangu naisikia nyepesi, yako naisikia nzito, na wote wawili tunaapa kwamba tumelipa sawa kwa sawa.

Hapo ndipo ule msemo wa dawa ya moto ni moto unapowaponza watu. Anayeutumia anadhani anarudisha kipimo kilekile.

Jambo la pili ni mahali ambapo kila upande unaanzia kuhesabu. Muulize yeyote aliye katika ugomvi nani alianza, atakutajia tendo la mwenzake, na mara nyingi tendo hilo kweli lilifanyika. Kabla yake lipo jingine ambalo halitaji. Huko Tug Fork wengine huanza kuhesabu na nguruwe wa 1878, wengine na McCoy mmoja aliyeuawa 1865 baada ya kurudi kutoka vitani.

La tatu ndilo hatari kuliko yote: "yeye" inapogeuka kuwa "wao". Mwanzoni kosa lina mwenyewe, lina jina na uso. Kisha linakuwa la nyumba nzima, halafu la mtaa, halafu la kabila au dini. Tangu hapo mtu yeyote wa upande ule anafaa kulipishwa, hata aliyekuwa safarini siku ya tukio. Masikio yako yazoee kusikia badiliko hilo. Siku kijana aliyekuwa akisema "yule jamaa kanidhulumu" anaanza kusema "hawa watu ndivyo walivyo", ujue umebakiwa na siku chache, huna wiki.

Mwaustria Friedrich Glasl aligawa safari hii katika hatua tisa, akaichapisha mwaka 1980. Huhitaji kuzikariri zote, ila mgawanyo wake mkubwa unasaidia kujua nani aitwe. Katika hatua tatu za mwanzo wahusika bado wanaweza kuongea wenyewe wakamaliza, na ukiingilia kwa kishindo unaharibu. Katika tatu za kati kila mmoja anatafuta mwenzake ashindwe, anakusanya wafuasi, anatoa vitisho. Hapo lazima awepo mtu wa tatu. Katika tatu za mwisho mtu yuko radhi aumie mradi mwenzake aumie zaidi, na maneno matupu hayatoshi: inahitajika mamlaka yenye nguvu ya kuwatenganisha kwanza. Wasuluhishi wengi hushindwa kwa sababu wanapeleka dawa ya hatua ya pili kwenye ugonjwa wa hatua ya saba.

Saa ya kwanza

Pigo limetokea. Fanya haya kwa mpangilio huu, usiruke.

Majeruhi apelekwe hospitali, na asisindikizwe na kundi. Watu wawili wanatosha, mmoja wao awe mtu mzima mwenye kichwa kilichopoa. Kundi likifika hospitali hugeuka kuwa mkutano wa kupanga kisasi hapohapo kwenye benchi la kusubiria.

Pande mbili zisionane. Kama njia ya nyumbani inapita mbele ya upande wa pili, watafutie njia nyingine usiku huo, hata ikiwa ndefu. Pombe iondoke, na chochote kinachoweza kuwa silaha kiwekwe mikononi mwa watu wazima wa nyumba, si mwa vijana: mpe mama au babu akiweke.

Kisha jiulize swali ambalo wengi hawajiulizi: nani atakayelipiza? Mara nyingi siye aliyepigwa. Aliyepigwa amelala na maumivu yake. Atakayelipiza ni mdogo wake, rafiki wa karibu, binamu aliyefika akiwa amechelewa na anajilaumu kwamba hakuwepo. Mtafute huyo kabla hujamtafuta mtu mwingine yeyote. Huko Chicago, mwaka 2000, daktari Gary Slutkin, aliyekuwa amepambana na kifua kikuu na kipindupindu katika kambi za wakimbizi Somalia, alianzisha mpango uliotazama mauaji ya mitaani kama maradhi ya kuambukiza. Watu wake walikwenda kwa jamaa na marafiki wa aliyepigwa risasi, wakati mwingine pembeni ya kitanda cha wodi, maana ndiko maambukizi yanakofuata. Na waliotumwa hawakuwa maofisa wenye suti. Walikuwa watu wa mitaa ileile, wanaojulikana na wanaoheshimiwa na vijana wale.

Ukimpata, usimwambie atulie. Neno "tulia" kwa mtu ambaye damu ya nduguye bado iko kwenye shati lake ni tusi. Usimwambie asamehe. Usimtajie Mungu dakika ya kwanza, hata kama ninyi wawili mnasali safu moja. Ongea naye hivi:

"Kaka, nimepata habari. Pole sana. Yeye anaendeleaje?"

Nyamaza, aseme. Akimaliza:

"Wewe mwenyewe umekula? Umelala wapi?"

Halafu:

"Sikuombi uache. Nakuomba hadi kesho jioni. Nataka nijue ukweli wote kabla mtu hajafanya kitu ambacho hakirudi. Kesho saa kumi na mbili nitakuja mwenyewe nikwambie nilichopata. Utanipa hiyo?"

Angalia kinachoombwa. Unaomba saa, huombi amani. Mtu aliyeumizwa hawezi kukupa amani usiku huo, na ukimlazimisha aiahidi atakudanganya. Saa anaweza kukupa bila kudhalilika mbele ya wenzake, kwa sababu hajaacha kitu, ameahirisha tu. Wenyeji wa milima ya Albania ya kaskazini, ambao sheria yao ya mila iitwayo Kanun iliruhusu damu kulipwa kwa damu, walilijua hili vizuri: familia iliyofiwa iliombwa besa, yaani neno la heshima, kwanza la saa 24, kisha la siku 30. Hata katika mila iliyohalalisha kisasi palikuwa na mlango wa kusubiri, na mwenye kuvunja besa aliaibika kuliko asiyelipiza.

Na kesho saa kumi na mbili, nenda. Hata kama hukupata kitu. Ukikosa miadi hiyo moja, umemaliza kazi yako katika ugomvi ule, na huenda umemaliza na subira yake pia.

Uvumi

Wahenga walisema lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Katika mambo ya kisasi msemo huo ni wa kuogopwa kwa maana moja: linalosemwa na lisilokuwepo huja kweli, kwa sababu watu wanalijibu kana kwamba limeshatokea. "Wanajipanga kuja usiku" husababisha upande huu kujipanga, upande ule unaona huku wanajipanga, nao wanajipanga. Asubuhi kila mmoja ana ushahidi.

Teua watu wawili wa kupokea uvumi, mmoja kutoka kila upande, wenye namba za simu za wenzao na ruhusa ya kupigiana saa yoyote. Kila habari inayoingia ipitishwe kwenye maswali haya manne, na majibu yaandikwe: Nani aliona kwa macho yake? Aliona nini hasa, siyo alidhani nini? Saa ngapi na wapi? Nani mwingine alikuwepo? Ukifuatilia hadi swali la kwanza tu, habari nyingi huishia kwa mtu aliyeambiwa na mtu aliyesikia dukani.

Jibu lirudi haraka, kabla saa moja haijapita ikiwezekana, na lisirudie uvumi wenyewe. Ujumbe wa "si kweli kwamba fulani amekufa" humwacha msomaji na maneno "fulani amekufa". Andika kilichopo: "Fulani yuko wodini, anaongea, mama yake yuko naye. Daktari atamwona tena saa mbili asubuhi. Taarifa nyingine mtaipata hapa saa tatu." Kutaja saa ya taarifa inayofuata kunafanya kazi kubwa: watu hungoja saa tatu badala ya kutafuta habari kwa kila mtu.

Watu wa upande wa majeruhi wenyewe ndio wakomeshe kusambazwa kwa picha za majeraha. Mgeni akisema "futeni" anaonekana anaficha. Mama wa majeruhi akisema "sitaki mwanangu aonekane hivi", zinafutwa.

Msikilize kila mmoja peke yake, uandike

Usikimbilie kuwakutanisha. Kikao cha pamoja kabla ya vikao vya upande mmoja mmoja ni sababu ya kawaida kabisa ya suluhu kuvunjika hadharani, na ikishavunjika hadharani huwa ngumu mara mbili.

Tenga dakika 45 hadi saa nzima kwa kila upande, mahali pao, bila wengine kusikiliza. Anza na upande ulioumia mwisho. Mwombe akusimulie kwa tarehe, wewe ukiandika, kila tendo mstari wake. Ukimaliza msomee, arekebishe. Kisha nenda upande wa pili ufanye vilevile, bila kumwonyesha orodha ya kwanza. Rudi kwako, ziweke karatasi mbili sambamba.

Chukua mfano wa majirani wawili, mmoja juu ya mteremko na mwingine chini. Karatasi ya wa juu inasema: Machi, waliziba mfereji, maji yakaingia jikoni kwetu. Tukazibua. Aprili, kijana wao alimtukana mama yetu njiani. Siku hiyohiyo kijana wetu akampiga kofi. Jioni wakaja wanne na fimbo.

Karatasi ya wa chini: Januari, walichimba mfereji ukawa unamwaga maji machafu mlangoni kwetu. Tuliwaambia mara tatu, wakacheka. Machi, tukaziba. Aprili, walimpiga mtoto wetu mbele ya watu. Jioni tulikwenda kuuliza, wakatutolea panga.

Zisome polepole. Mfereji wa Januari uko kwenye karatasi moja. Tusi liko kwenye moja. Fimbo ziko kwenye moja na panga kwenye nyingine. "Wakaja wanne" na "tulikwenda kuuliza" ni safari moja. Hakuna aliyebuni kitu. Kila mmoja ameruka mistari yake. Mistari iliyorukwa ndiyo ajenda ya kikao, na huhitaji kuitafuta kwingine. Angalia pia kwamba tatizo la kwanza kabisa, maji, bado linatiririka. Ukisuluhisha kofi, fimbo na panga ukaacha mfereji ulivyo, mvua ijayo itakurudisha palepale. Watu hupatanisha matusi wakasahau mfereji mara nyingi ajabu.

Jambo la kuepuka katika hatua hii: kuamua nani alianza. Kila ukirudi nyuma utapata mwanzo mwingine. Swali la kuuliza ni: "Kati ya haya yote, lipi likitengenezwa utaweza kulala?" Jibu hushangaza. Anayedai fidia kubwa mara nyingi anataka mtu mzima wa upande ule aje mlangoni kwake na kusema wazi kwamba mtoto hakustahili kupigwa.

Msuluhishi mwenyewe awe nani? Awe mtu ambaye hakuna upande unaomhesabu kuwa wa kwao, au wawe wawili, kila upande na wake, wanaofanya kazi pamoja tangu mwanzo. Huko Wajir, kaskazini mwa Kenya, mapigano ya koo mwanzoni mwa miaka ya 1990 yalianza kudhibitiwa wanawake walipokubaliana kwamba kila mama, wa ukoo wowote, aweze kuuza na kununua sokoni bila bughudha, wakaweka wenzao wa kuangalia. Dekha Ibrahim Abdi alikuwa miongoni mwao. Baadaye, mwaka 2007, alipewa tuzo ya Right Livelihood kwa kazi hiyo. Kutoka sokoni walikwenda kwa wazee, kwa vijana, kwa maofisa wa serikali, na kufikia 1995 kulikuwa na kamati ya amani ya wilaya yenye timu ya kwenda mahali tukio linapotokea kabla halijajibiwa. Walianza na mahali ambapo pande zote zilikuwa zinahitajiana kila siku. Tafuta soko la ugomvi wako: kisima, shule, zamu ya kazi, msiba wa pamoja.

Kikao

Chumba kiwe na milango miwili, au viti vipangwe ili kila upande uweze kutoka bila kupita mbele ya mwingine. Viti vikae mshazari, visitazamane uso kwa uso. Watu wanne kila upande, wasizidi, na mmoja wao awe kijana, kwa sababu makubaliano ya wazee ambayo vijana hawakuwepo huitwa "mambo ya wazee" kesho yake asubuhi. Simu zizimwe. Maji ya kunywa yawepo. Saa mbili zinatosha. Ukivuka hapo watu wanachoka, na mchoko hufanana na hasira.

Soma kwanza mistari ambayo karatasi zote mbili zinakubaliana. Ni michache, lakini husikika kwa sauti moja, na chumba hupoa. Kisha mistari iliyorukwa, mmoja kutoka huku, mmoja kutoka kule, kwa zamu. Aliyetajwa ajibu kwa neno moja kwanza: lilitokea au halikutokea. Maelezo baadaye.

Makosa matatu humaliza kikao. La kwanza ni kusema "wote mna makosa". Hata ikiwa kweli, aliyeumia zaidi husikia kwamba maumivu yake yamegawanywa nusu. La pili ni kulazimisha mkono upeanwe ili picha ipigwe. La tatu ni radhi yenye "kama": "kama nimekukosea, samahani". Radhi inayofanya kazi inataja tendo, inataja aliyeumia, haitaji sababu, na inasema kitakachofanywa: "Nilimpiga mwanao kofi mbele ya watu. Sikuwa na haki. Nitakuja kwako Jumamosi na baba yangu niseme hivyohivyo mbele ya wale walioona." Aibu iliyotokea hadharani haiondolewi chumbani.

Anayesamehe naye apate heshima yake hadharani. Kosovo, mwaka 1990, mtaalamu wa fasihi simulizi Anton Çetta na wanafunzi walizunguka nyumba kwa nyumba wakiomba familia zilizofiwa zisamehe damu, na tarehe 1 Mei mwaka huo umati mkubwa ulikusanyika Verrat e Llukës kushuhudia wenye kudai damu wakitoa msamaha mbele ya wote. Mamia ya familia yalitoka kwenye kisasi namna hiyo. Hapo awali macho ya watu ndiyo yaliyomsukuma mtu kulipiza asionekane dhaifu. Sasa macho yaleyale yalimwona shujaa kwa kusamehe. Kama huwezi kugeuza macho ya watazamaji, usitarajie mtu mmoja ayabebe peke yake.

Fidia

Deni lisilotajwa kiasi halilipiki. Andika: kiasi gani, kwa awamu ngapi, tarehe gani, nani atapokea, mashahidi ni nani, na kikichelewa mtu wa kwanza kuulizwa ni nani. Kiasi kiweze kulipwa kweli. Fidia kubwa inayopendeza masikioni siku ya kikao huwa sababu ya ugomvi mpya mwezi wa tatu, safari hii na karatasi iliyosainiwa kama ushahidi wa dharau.

Katika mila za Wasomali diya, yaani fidia ya damu, hulipwa na kundi zima la jamaa wa mkosaji, na kipimo cha kifo cha mwanamume katika fiqhi, sheria ya Kiislamu, ni ngamia 100. Faida yake ni kwamba kila binamu anayechangia ana sababu ya kumshika kijana wao mkono kabla hajamgusa mtu. Hasara ni kwamba mkosaji anaweza asitoe hata shilingi. Kwa hiyo, popote fidia inapolipwa kwa pamoja, sehemu fulani itoke mikononi mwa aliyefanya, hata kwa kazi ya mikono. Na msichana asitolewe kamwe kuwa fidia. Huko ni kumlipisha asiyekuwemo.

Mauaji, ubakaji na kujeruhi vibaya ni ya polisi na mahakama. Kikao chako hakiyafuti, na atakayekuomba uyafute anakuomba uwe sehemu ya kosa. Lakini kukamatwa kwa mtu peke yake hakuzuii nduguze kulipiza. Kinachowasukuma ni ukimya: wiki tatu hawajui kesi imefika wapi. Waandikie namba ya kesi, ofisi ya kuulizia na tarehe ya kusikilizwa. Siku ya kesi wasindikize, na mkirudi waeleze kilichosemwa kwa lugha wanayoielewa.

Baada ya mikono kupeanwa

Rudi siku ya 3, ya 7, ya 30 na ya 90. Usiulize "mko salama?", utajibiwa ndiyo. Uliza: awamu ya kwanza imelipwa? Mfereji umehamishwa? Watoto wanapita njia gani kwenda shule? Njia ya watoto haidanganyi. Wakiendelea kuzunguka mbali, suluhu haijafika nyumbani.

Weka kwenye kalenda siku zinazoamsha: mwaka mmoja tangu tukio, harusi na misiba ambako pande mbili zitakaa hema moja, na siku mfungwa atakapotoka jela. Hiyo ya mwisho husahaulika kuliko zote, na ndiyo yenye kuhitaji ziara mbili, moja kwake na moja kwa waliomshitaki, wiki moja kabla ya mlango kufunguliwa. Kumbuka na jamaa walio mbali, waliosikia kwa simu na hawakukaa kikaoni. Wao bado wako siku ya tukio. Mtu wa upande wao awapigie awasomee makubaliano, mstari kwa mstari.

Makubaliano yaseme tangu mwanzo nini kitafanyika yakivunjwa, maana mtu mmoja atayavunja. Andikeni hivi: tendo lolote jipya ni la aliyelitenda, halifungui ya zamani. Upande wa aliyetenda utamleta wao wenyewe, ndani ya saa 24, mbele ya mashahidi walewale. Upande ulioguswa hautakwenda popote hadi saa hizo zipite. Chini yake ziandikwe namba mbili za simu, moja kila upande, na jina la atakayepokea usiku wa manane. Wapigieni mbele ya kikao kabla watu hawajainuka, ili wote wasikie simu zikiita.